Kimya cha Saa Nane na Dakika Ishirini

Jumatatu kimya kilidumu sekunde tatu tu, na pengine katika Kalemie nzima ni Mwanvua peke yake aliyekisikia.

Alikuwa anarudi kazini baada ya chakula cha mchana. Karibu na stesheni ya treni kuna kinyozi ambaye redio yake haizimwi tangu asubuhi mpaka jua linazama, na siku hiyo ilikuwa inapiga rumba. Rumba ikakatika. Haikukwaruza wala haikufifia, kama inavyofanya umeme unapoleta matata. Ilikatika safi, kama mtu aliyezibwa mdomo kwa kiganja. Moja, mbili, tatu. Kisha wimbo ukarudi, umeshasonga mbele. Kinyozi hakuinua hata uso. Mwanvua akatazama simu yake: saa nane na dakika ishirini.

Kwa mtu mwingine sekunde tatu si kitu. Kwa Mwanvua binti Abdoul-Karim, ambaye kwa miaka kumi na moja alikuwa fundi wa Redio Ng'ambo Mbili, zilitosha kumwondolea utamu wa samaki aliyetoka kumla.

Studio ya redio hiyo ilikuwa ghorofani, katika nyumba ya zamani upande wa bandari, vyumba viwili vilivyobandikwa magodoro ukutani. Lakini emeteri, ule mtambo unaorusha sauti hadi Niemba na mpaka kwa wavuvi walio katikati ya ziwa, haikuwa pale. Ilikuwa kilimani, mwendo wa kilomita nne, ndani ya kijumba cha matofali chini ya mlingoti mrefu. Kila neno lililosemwa studio lilipaswa kufika kilimani kwanza ndipo liufikie mji. Juu ya paa la studio ilisimama antene ndogo iliyoelekea kilimani. Kilimani ilisimama nyingine, imeelekea studio. Kati ya hizo mbili hapakuwa na waya hata mmoja, ni hewa tu. Kilima nacho kilirudisha habari zake: kwenye meza ya sauti palikuwa na sindano iliyoonyesha kama emeteri ina nguvu au imezimika.

Aliyefunga kiungo hicho alikuwa Papa Lambert, fundi mzee aliyeanzia ujana wake kwenye simu za reli. Ndiye aliyemfundisha Mwanvua kushika chuma cha kuchomelea, kupanda mlingoti bila kutazama chini, na kutomwamini mtu anayesema "iko sawa" kabla hajapima. Miaka mitatu iliyopita macho yalimwingia ukungu, akaiacha kazi mikononi mwa mwanafunzi wake, akabaki nyumbani na kuku wake.

Mwanvua alipofika studio alimkuta Evodie, mwanamke anayeendesha meza ya sauti, anamenya embe.

"Evodie, muziki ulikatika hapa?"

"Ulikatika wapi? Miye niko na kasike masikioni tangu saa saba. Hakuna kitu kilikatika."

"Na sindano?"

"Sindano iko palepale. Angalia mwenyewe."

Mwanvua akaangalia. Ilikuwa palepale. Na hilo ndilo lililomtia baridi. Kama tatizo lingekuwa la studio, Evodie angelisikia. Kama lingekuwa la emeteri, sindano ingeanguka. Basi kimya kile hakikutoka studio wala kilimani. Kilitoka katikati, hewani, mahali ambapo hapakuwa na kitu cha kuharibika.

Jumanne alimaliza kula mapema, akasimama dirishani na redio ndogo mkononi. Saa nane na dakika ishirini ikafika. Moja, mbili, tatu, nne, tano, sita, saba. Kisha muziki.

Jumatano zilikuwa sekunde kumi na tano, na safari hii kinyozi aliipiga redio yake kofi.

Mwanvua aliingia biro ya direktere, ofisi ya mkuu wa redio. Papa Rubens hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu aliyechoka. Alimsikiliza huku akijipepea kwa jalada.

"Ni joto, Mama Mwanvua. Mashini zinachemka."

"Siku tatu, Direktere. Siku tatu, dakika ileile. Joto haliko na saa."

"Sasa unataka kusema nini?"

"Nasema kuna muntu anapima. Ile mashini ya kilimani haiko na macho. Inashika sauti yenye nguvu kuliko zote kwenye njia yake. Muntu akituma sauti kubwa kuliko yetu, kwa namba yetu ya mawimbi, kilima kitatuacha siye na kumufuata yeye. Na hapa studio hatutajua kitu. Tutaendelea kusema peke yetu."

Papa Rubens akaacha kujipepea. Akainuka, akafunga mlango.

"Unajua mji uko namna gani sasa hii," akasema kwa sauti ya chini. "Boti zinashusha watu wanaokimbia vita ya Uvira na Fizi kila juma. Watu wanalala na viatu miguuni. Ukitoka hapa ukasema redio imeingiliwa, kesho maneno yatakuwa yameota meno sokoni. Acha. Ikifika Jumatatu tutaita fundi wa Lubumbashi."

Hakuna fundi wa Lubumbashi aliyekuwa anajua kiungo kile. Watu waliokijua, namba yake, antene zake na nguvu zake, walikuwa wawili tu. Mwanvua alilijua hilo akiwa amesimama mbele ya meza ya direktere, lakini wazo lenyewe alilisukuma pembeni, kama unavyomsukuma mbwa asiingie ndani.

Alhamisi alipanda kilimani.

Mlinzi wa mlingoti, mzee Twahiri, alimfungulia geti la mabati akaapa kwamba hata mbuzi hajapita pale juma zima. Kufuli lilikuwa zima, na ndani ya kijumba emeteri ilinguruma kama kawaida yake, hewa ina harufu ya vumbi lililochomwa. Mwanvua akavaa kasike, akaichomeka kwenye kipokezi, kile kisanduku kinachopokea sauti kutoka studio. Muziki ulikuwa safi. Kisanduku nacho kilikuwa na sindano yake, inayoonyesha nguvu ya kile kinachopokelewa.

Ilipobaki dakika mbili alimpigia Evodie simu.

"Nikikuambia zima, uzime mashini ya kutuma. Yote kabisa. Kisha uhesabu mpaka thelathini, uwashe."

"Direktere ataniua."

"Mwambie njo miye niliyekutuma."

Saa nane na dakika ishirini muziki ulikatika masikioni mwake.

"Zima."

"Nimezima," akasema Evodie.

Studio ilikuwa imezimwa. Kwenye kipokezi sindano ilipaswa kuanguka, na kasike lilipaswa kujaa mvumo wa hewa tupu, ule wa mvua ya mbali. Sindano haikuanguka. Ilisimama juu kabisa, juu kuliko ilivyowahi kusimama kwa sauti ya studio yao. Na ndani ya kasike hapakuwa na mvumo. Palikuwa na kimya kizito, safi, cha chumba chenye mtu.

Mwanvua akafumba macho, akasikiliza kwa mwili wake wote. Chini ya kimya kile, mbali, palikuwa na kitu kinachogonga. Tuku-tuku-tuku-tuku. Kisha mlio wa ukanda unaoteleza, kisha tena tuku-tuku-tuku. Ilikuwa mashini ya kusaga mihogo.

Kisha ikatoweka, muziki ukarudi, na simuni Evodie alikuwa anauliza, "Mama Mwanvua? Uko? Mama Mwanvua?"

Usiku ule hakula. Asubuhi ya Ijumaa alikwenda kusimama chini ya mlingoti na kutazama ilikoelekea antene. Antene ya namna ile haisikilizi pande zote. Inasikiliza mbele tu, kama mtu aliyeweka viganja nyuma ya masikio. Anayetaka kuidanganya lazima asimame kwenye mstari wa kati ya kilima na studio. Mwanvua akauteremka mstari huo kwa miguu. Ulipita juu ya mashamba ya mihogo, juu ya nyumba za wafanyakazi wa zamani wa reli, ukavuka barabara, ukaenda zake bandarini. Kwenye mstari mzima palikuwa na kinu kimoja cha kusaga. Ukuta kwa ukuta na kinu hicho palikuwa nyumbani kwa Papa Lambert.

Alijua tangu Jumatano. Sasa miguu yake nayo ikajua.

Mzee alikuwa amesimama getini, kana kwamba alikuwa anamngoja mtu. Amevaa shati la Jumapili. Mwanvua akapiga goti kidogo, kama alivyozoea.

"Shikamoo, Papa."

"Marahaba, Madame Yasmine."

Hakuitwa Yasmine. Na katika miaka yote ile mzee hakuwahi kumwita Madame. Alimwita mutoto wangu, hata mbele ya wakubwa, hata alipomkaripia. Mwanvua akafungua mdomo kumsahihisha, lakini macho ya mzee, pamoja na ukungu wake, yalimtulia usoni kwa namna iliyomfanya aufunge.

"Nimepita kukusalimu," akasema.

"Umefanya vizuri. Miye niko. Mambo ya redio sifanyi tena, Madame. Nimesahau yote." Mkono wake haukuiachia nguzo ya geti.

Nyuma yake, mlangoni, palikuwa na jozi tatu za viatu, vikubwa, vya buti, vimepangwa vizuri kama vya wageni wenye adabu. Mzee alikuwa mjane, aliishi peke yake. Pazia la dirisha likasogea upana wa kidole. Kwenye ua, kuku walikuwa wanapigapiga mabawa ndani ya banda lililofungwa, ingawa jua lilikuwa limepanda.

"Nenda na amani, Madame Yasmine," akasema Papa Lambert. "Wasalimie nyumbani. Na kesho usichelewe."

"Kesho?"

Mzee akafunga geti.

Mwanvua alitembea mpaka alipopita kona, ndipo alipogundua kwamba anakimbia. Alikwenda moja kwa moja kwa komisere wa polisi. Alingoja saa mbili kwenye benchi, akaingia, akaeleza. Komisere alimsikiliza kwa heshima. Antene? Kimya? Viatu mlangoni? Mzee aliyekosea jina? "Mama," akasema, "mimi siwezi kuvunja nyumba ya muntu juu ya viatu. Lete barua ya direktere wako, iwe na muhuri, Jumatatu tutaangalia." Papa Rubens alikataa kuandika barua. Alikataa zaidi pale Mwanvua alipomwomba Jumamosi mchana wazime kiungo.

"Jumamosi saa nane? Umerukwa na akili? Njo saa ya majina!"

Ni kweli. Kila Jumamosi saa nane Mama Consolate, mtangazaji ambaye sauti yake ilijulikana Kalemie kuliko ya padri au ya shehe, alisoma majina ya watu waliofika kwa boti na wale wanaowatafuta. Mume anatafuta mke. Mama anatafuta watoto wake wanne, mkubwa ana kovu kwenye nyusi. Saa hiyo hata wasiokuwa na ndugu kaskazini walikaa karibu na redio. Hakukuwa na saa nyingine katika juma ambapo mji wote ulisikiliza kwa pamoja, na Mwanvua alielewa kwamba huyo anayepima analijua hilo vilevile.

Jumamosi alipanda kilimani bila ruhusa, akiwa na maikrofoni ya ripota ndani ya mfuko wa soko na waya wa kuiunganisha na emeteri. Alimwambia Twahiri afunge geti kwa ndani na asimfungulie mtu. Mzee hakuuliza sababu. Alichukua panga lake la kufyekea majani, akakaa juu ya jiwe.

Angeweza kuchomoa kipokezi mapema. Baadaye watu walimuuliza hivyo, naye alijiuliza kuliko wote. Lakini masikioni mwake Mama Consolate alikuwa anasoma: "…Chris, wa Baraka, anamutafuta dada yake…" Alifikiri, nikichomoa sasa na hakuna kitu, nimemnyima mtu dada yake kwa sababu ya pazia lililosogea.

Saa nane na dakika ishirini sauti ikakatika. Moja. Mbili. Sindano ikaruka juu. Tatu. Nne.

Kisha Mama Consolate akaendelea kusema.

"Ndugu zangu wa Kalemie. Njo miye, Mama Consolate. Acheni kila kitu munachofanya. Adui amefika. Ameingia upande wa kaskazini ya mji. Musifunge nyumba, musibebe vitu. Vukeni daraja la Lukuga sasa hii. Musingoje. Narudia, ndugu zangu…"

Ilikuwa sauti yake. Ilikuwa na ule mkwaruzo mdogo kila anapoanza neno, na ule upole wake wa kusema ndugu zangu. Na Mwanvua, aliyekuwa amekaa siku tano akilingoja jambo hili, aliyelipima kwa sindano na kulifuata kwa miguu, akainuka. Mwili wake uliinuka wenyewe. Aliona akilini nyumba yao upande huu wa daraja, na mama yake Maimouna ambaye goti lake halimruhusu kukimbia. Alikuwa ameshashika kitasa cha mlango alipokumbuka simu.

"Evodie! Consolate anasema nini?"

"Anasoma majina," akasema Evodie kwa mshangao. "Yuko hapa mbele yangu. Amefika kwenye watu wa Fizi. Kuna nini?"

Mwanvua akarudi kwa hatua mbili, akashika waya wa kipokezi, akaung'oa.

Zilikuwa zimepita sekunde arobaini. Kutoka kilimani mji ulikuwa umeshaanza kumwagika. Aliona barabara kubwa ikijaa, watu wametoka milangoni kama mchwa, wote wameelekea daraja, na kelele zao zilipanda mpaka juu kama mvumo wa ziwa siku ya upepo. Alikosa tundu la waya mara mbili. Kisha maikrofoni ikashika.

Hakuwahi kusema redioni maisha yake yote.

"Sikilizeni," akasema. "Sikilizeni. Hii si sauti munayoijua. Miye ni Mwanvua, binti ya Abdoul-Karim, yule aliyekuwa anauza vitenge vya Kigoma. Miye ni fundi wa redio. Aliyesema sasa hivi hakuwa Mama Consolate. Ni waongo, wametengeneza sauti yake kwa mashini. Mama Consolate yuko studio, anasoma majina."

Chini, watu walikuwa bado wanakimbia. Kwa nini wamwamini? Wakisikia Consolate mwingine sasa, watamjuaje yupi ni yupi? Akaitwaa darubini kuukuu ya Twahiri iliyoning'inia ukutani, akatazama nje kupitia mlango ulio wazi, akaanza kusema alichokiona, kwa kuwa hakuwa na kitu kingine.

"Niko kilimani, chini ya mlingoti. Naona mji wote. Naona barabara ya kaskazini, iko tupu, mwanamuke mumoja anapita na kuni. Hakuna moshi. Hakuna gari la askari. Naona ziwa, boti moja ya abiria inaingia polepole, watu wamekaa tu. Ninyi mulioko kwenye daraja, simameni. Nawaona. Munakanyagana. Mwenye shati la manjano, simama! Simameni, kuna watoto katikati."

Alisema jina la kila mtaa aliouona, na kwamba umetulia. Polepole, mkia wa umati ukaanza kulegea. Na hapo ndipo alipoona bandari.

"Naona malori matatu," akasema, na sauti yake ikabadilika. "Yanaingia bandarini kwa kurudi nyuma. Walinzi wa maghala wamekimbia. Watu wanavunja mlango wa ghala la chakula. Wako kama kumi na wawili. Ninyi mulio karibu na bandari, hao njo waliotaka mukimbie. Lori la kwanza ni la rangi ya buluu, limepasuka taa ya nyuma."

Ilimpitia akilini, wakati anasema, kwamba nao wana redio. Kwamba amekwisha kuwaambia alipo. Kilima kile kilikuwa na njia moja tu ya kupanda.

Haikuchukua muda. Pikipiki mbili zilitoka upande wa kinu, zikashika njia ya kilima, kila moja na watu wawili, na wa nyuma kwenye ile ya kwanza alikuwa na kitu kirefu kilichofungwa kwa gunia. Nje, Twahiri alisimama juu ya jiwe lake.

"Mama," akaita. "Wanakuja."

"Nawaona." Hakuizima maikrofoni. "Ndugu zangu, kuna pikipiki mbili zinapanda kuja hapa. Watu wanne. Wa mbele amevaa jaketi nyeusi na kofia nyekundu. Wamepita nyumba ya mwalimu. Wamepita bomba la maji. Mukisikia nimenyamaza, mujue njo hao. Nyinyi wa mtaa wa reli, tokeni nje muwatazame sura. Muwatazame vizuri."

Wakatoka. Mmoja mmoja kwanza, kisha kwa makundi, wanawake waliokuwa wamerudi kutoka darajani vichwa wazi, wafanyakazi wa zamani wa reli na fimbo zao. Hawakurusha jiwe. Walisimama pande zote za njia na kutazama. Pikipiki zikapunguza mwendo. Mwanvua aliweza kuwaona wakigeuza vichwa kushoto na kulia, na kila walipogeuza, palikuwa na mtu anayewatazama, na kila nyumba ilikuwa na redio inayowasema. Chini kidogo ya geti wakasimama. Injini zilinguruma kwa muda ambao yeye hakuweza kuupima. Kisha yule wa kofia nyekundu akainua mkono, akamnyooshea Mwanvua kidole, moja kwa moja mlangoni alipokaa, kama mtu anayeweka alama. Wakageuza, wakaondoka kwa njia ya Niemba.

Aliendelea kusema kwa dakika arobaini. Sauti ilipokwisha kabisa, askari walikuwa bandarini.

Lori la buluu lilikamatwa pamoja na dereva wake. Mengine mawili yalitoroka, na wale wenye jozi tatu za viatu hawakuonekana tena Kalemie. Kwenye daraja watu kumi na saba waliumia na mwanamke mmoja akafa, amekandamizwa kwenye ukuta wa chuma. Alikuwa amefika kwa boti Jumatano ile kutoka Fizi. Mwanawe wa mgongoni alipona. Evodie alipoitazama karatasi ya Mama Consolate, aliliona jina la marehemu: la tisa kwenye orodha ya watu wa Fizi wanaotafutwa na ndugu zao. Lilisomwa wakati hakuna aliyekuwa anasikia.

Papa Lambert walimkuta kwenye sakafu ya nyumba yake, amefungwa mikono kwa waya wa antene, hai. Kando yake ilibaki antene ya mabomba ya aluminiamu, imeelekezwa kilimani kwa ustadi ambao hakuna mwingine aliyekuwa nao. Wenye viatu walikuwa wamekwenda na mashini ya kutuma. Komisere, yule wa barua yenye muhuri, alimwuliza Mwanvua mbele ya watu: katika mji huu nani anaweza kufanya kitu kama hiki?

"Watu wawili," akajibu. "Miye na yeye."

Aliambiwa baadaye kwamba angeweza kujibu vingine, kwa kuwa jibu hilo ndilo lililomfunga mzee.

Juma lililofuata walimruhusu kumwona mzee gerezani. Alimpelekea ugali na dagaa, akakaa mbele yake kwenye benchi. Mzee alikuwa amekonda usoni. Alisimulia kwa sauti isiyopanda wala kushuka. Watu wale walifika Jumapili, wakiwa na adabu. Walimwonyesha simuni picha ya mlango wa nyumba ya binti yake Bijou kule Moba, na Bijou mwenyewe anafagia mbele ya mlango huo. Basi. Hawakuongeza neno.

"Nikawaambia, lazima kupima kila siku, kila siku saa ileile, kidogo kidogo, la sivyo mashini ya kilimani itakataa. Uongo. Haikuhitaji kupimwa hata mara moja." Akainua macho yake yenye ukungu. "Nilikuwa nakuita weye. Siku tano, Mwanvua. Siku tano nimekuita."

"Nilisikia, Papa. Jumatatu ileile nilisikia."

"Najua ulisikia. Njo kwa sababu hiyo sikulala."

Mwanvua akalisogeza bakuli la dagaa karibu naye. Jumatatu kabla ya saa tisa alikuwa anajua kwamba kimya kile hakikuwa cha mashini, akaenda nyumbani akapika. Jumatano alijua ni mkono wa nani. Alikuwa na siku mbili nzima za kutolijua analolijua, na darajani mwanamke wa Fizi alililipia.

Mlinzi akagonga mlango kwa funguo. Mwanvua akainuka, kisha akauliza lile alilolijia, kwa kuwa hakukuwa na mwingine wa kumwuliza. Mashini ya kutuma ilikuwa bado mikononi mwao. Namba wanaijua. Kiungo kibadilishwe namna gani?

Papa Lambert akamweleza, kwa ufupi, kama zamani: namba gani iachwe, ipi ichukuliwe, mlio gani mdogo uchanganywe na sauti ili kilima kikatae sauti yoyote isiyo na mlio huo. Akarudia mara mbili. Kisha akamshika mkono.

"Haya niliyokuambia, uyabadilishe tena kidogo, kwa akili yako. Na usimwambie muntu. Si Rubens, si Evodie."

"Sawa, Papa."

"Hata miye. Wakirudi, nisiwe na kitu cha kuwapa."

Alipanda kilimani siku hiyohiyo na kuibadilisha namba, mlango umefungwa, Twahiri nje. Aliporudi chini Bijou alikuwa anamngoja kwenye ngazi za studio, amefika kwa boti ya asubuhi kutoka Moba, mfuko mmoja mkononi. Walitazamana. Hawakuwahi kuonana kabla ya siku hiyo.

"Weye njo Mwanvua," akasema Bijou. "Kuna wanaume wawili walikuja kwangu juzi. Wana adabu. Waliuliza nyumba yako iko wapi."